Rufaa Mfukoni mwa Shati

Jumatatu, 3 Juni 2024

Karani wa mahakama pale Bariadi kaniambia rufaa nyingi zinakufa kwa sababu ya tarehe. Watu hawaandiki. Nimenunua daftari hapo hapo stendi. Kuanzia leo kila kitu na tarehe yake. Mimi naweza kufa, rufaa yangu isife.

Kwa atakayeliokota daftari hili: naitwa Luhaga, umri sabini na moja, elimu darasa la nne, mwandiko mzuri. Mrufani. Neno tamu hilo! Mwezi wa tatu nilikuwa mume. Mwezi wa nne nikawa mtu aliyeshindwa kesi. Sasa Mrufani. Nimepanda cheo.

Mahakama ya Mwanzo ilivunja ndoa yangu na Nyanjige. Miaka thelathini na tisa, asubuhi moja tu, hata chai hawajanywa. Mimi nikapewa nyumba. Yeye akapewa ng'ombe sita na ngitili, yale majani tuliyoyazungushia minyaa ili mifugo ipate cha kula kiangazi. Kosa langu? Nilimtoa ng'ombe wake mmoja, aliyepewa na marehemu mama yake, nikabadilishana na mashine ya kutotolesha vifaranga. Sikumwuliza. Nilitaka aamke asubuhi akute vifaranga. Aliamka akakuta mashine imechemsha mayai tisini. Tulikula mayai siku kumi. Siku tano za kwanza alisema sana. Tano za mwisho alinyamaza. Kule kunyamaza ndiko kulikofika mahakamani.

Sababu za rufaa nimeandika mwenyewe. Ya kwanza, ngitili ni jasho langu. Ya pili, hakimu hakunitazama usoni. Ya tatu, Mrufani hajui kupika. Karani kasema hiyo ya tatu si ya kisheria. Nikamwambia, mwanangu, hiyo ndiyo inaniuma kuliko zote. Kacheka, kagonga muhuri.

Leo kanipa samansi mbili zinazofanana, nimpelekee mtendaji wa kijiji kule Mkula, maana Nyanjige anaishi huko kwa kaka yake, Mayige. Moja Nyanjige abaki nayo, moja asaini irudi. Kesi inatajwa tarehe 18. Nimezikunja vizuri, nikazitia mfuko wa shati.

Kushuka basi Dutwa nikakutana na Veronica, jirani yangu, muuza michembe, vile viazi vitamu vilivyokaushwa. Kauliza, babu, umetoka wapi na shati la kanisani Jumatatu? Nikasema nina rufaa Bariadi. Kashika kifua! Kauliza ni figo au moyo? Nikafikiri ananitania. Mimi mtu hanitanii nikamwacha aende hivi hivi. Nikasema ni moyo zaidi.

Jumanne, 4 Juni

Mpango umenijia ugali ukiwa unaungua.

Samansi isipofika, Nyanjige hatafika. Nyanjige asipofika, karani alishasema, mahakama inaweza kusikiliza upande mmoja. Upande huo ni mimi. Na mimi huwa nakubaliana sana na mimi.

Nikiulizwa nitasema mtendaji alisafiri. Watendaji husafiri. Samansi zibaki mfukoni zipumzike.

Ugali: chini makaa, juu unga. Nimekula wa katikati. Nimejibu salamu za redio. Nyumba hii zamani haikuwa kubwa hivi.

Alhamisi, 6 Juni

Balaa! Au neema, sijajua bado.

Saa tisa alasiri nilikuwa uani, namalizia paja la kuku. Nikamwona Nyanjige anakuja katikati ya mashamba ya pamba, kikapu kichwani, anatembea kama mtu anayewahi mazishi. Nikajua anafuata ng'ombe wake sita. Nikakimbilia ndani, nikajifunika shuka mpaka puani. Mtu aliyelala kitandani utamdai vipi ng'ombe?

Kaingia bila hodi, hata salamu hakutoa. Kaniwekea mkono kwenye paji la uso. Kauliza kwa sauti ndogo sana, Baba Joyness, wamekupa rufaa ya wapi?

Kumbe! Kumbe Veronica kapiga simu Mkula. Kumbe rufaa yangu imeshageuka ya hospitali!

Hapo mtu mwema angefunua shuka akasema ukweli. Mimi nimejibu maswali tu. Nikasema rufaa ni ya Bariadi. Kauliza Bariadi wakishindwa? Nikasema inapanda Shinyanga. Na Shinyanga wakishindwa? Nikasema basi ni Dar es Salaam, lakini wanaofika huko ni wachache. Kajifunika uso kwa khanga. Kauliza huwa inachukua muda gani. Nikasema kuna mzee wa Lagangabilili yake ilichukua miaka sita. Kauliza, alipona? Nikasema alishindwa.

Sikusema uongo hata mmoja. Naandika na tarehe.

Ijumaa, 7 Juni

Ugonjwa ni kazi ngumu. Uji wa ulezi asubuhi, uji wa ulezi mchana. Hauna sukari, mgonjwa wa moyo hapewi. Kuku wangu wa mwisho kachinjwa kwa ajili ya watu wanaokuja kunipa pole. Nawasikia uani wanatafuna mifupa na kunisifu. Wamesema nilikuwa mtu mcheshi. Nilikuwa!

Mayige kapiga simu ya dada yake, ikawekwa sikioni kwangu. Kasema, shemeji, unakufa kweli au unakufa kama ulivyofuga vifaranga? Nikakohoa. Kasema kikohozi ni cha mapafu, moyo haukohoi. Nikashika kifua. Kauliza mbona kimya. Nikasema nimeshika kifua. Kasema, hii ni simu, sikuoni.

Mtu mbaya sana yule.

Jioni nikajaribu mpango wa pili. Nikamwambia Nyanjige kwa sauti ya mtu anayeaga, Mama Joyness, ile ngitili, ningefurahi kuiona imerudi kwangu. Kasema, chukua.

Hivyo tu. Chukua. Wala hakugeuka, alikuwa anapepeta ulezi. Nilikuwa nimeandaa hoja sita, zimebaki kinywani. Nimepata ninachokitaka na sina raha. Nafikiri ni njaa.

Jumapili, 9 Juni

Kwaya nzima imekuja baada ya ibada. Wameleta mchele kilo tano. Wameimba ubeti wa kuaga, kisha mwalimu wa kwaya akawakumbusha mimi bado niko, wakaimba mwingine.

Leo nimeamka kabla ya Nyanjige kurudi ndani. Nikachungulia dirishani. Alikuwa nyuma ya nyumba, kwenye mawe, anafagia. Ni pa Esteria, kaburi lake. Mtoto wetu wa kwanza, miaka tisa, mwaka 1995. Nyanjige alikuwa anapafagia kila asubuhi mpaka mahakama iliponipa nyumba. Mahakamani hakupataja. Mimi pia sikupataja. Nyasi zilikuwa zimefika magotini.



Wageni walipoondoka kaniomba karatasi ya rufaa, aisome. Alisoma elimu ya watu wazima, husoma polepole lakini hakosei. Nikasema ipo. Kauliza ipo wapi. Nikasema imehifadhiwa. Kasimama mlangoni, ungo mkononi. Kasema, Baba Joyness, karatasi ya rufaa hailazwi.



Jumatatu, 10 Juni

Nimelala usingizi mzito mpaka jua likapanda. Usingizi wa kwanza mzuri tangu mwezi wa nne. Nimetoka uani kujinyoosha, maana sikusikia mtu.

Kwenye kamba ya nguo: suruali yangu, shuka, shati langu la kanisani. Pembeni ya shati, imebanwa kwa kibanio chake peke yake, samansi.

Moja tu. Nyingine kaondoka nayo. Hii kaisaini chini, kwa zile herufi zake kubwa kubwa: NIMEPOKEA. NYANJIGE. Na tarehe! Hakuna mtendaji, hakuna nauli. Kajihudumia mwenyewe.

Kikapu hakipo. Jikoni kaacha uji kwenye sufuria, umefunikwa. Nimeuonja. Ametia sukari.

Maana yake amejua siumwi.

Jumatano, 12 Juni

Kijiji kizima kimejua. Veronica kanipita njiani bila salamu, michembe kichwani, shingo juu. Nikamwambia, mjukuu, mimi nilisema rufaa, moyo umeuleta wewe. Kasema nisimzoee.

Kwaya imetuma ujumbe kuulizia mchele. Nimesema nusu umeshaombewa.

Shati bado lipo kwenye kamba. Sijataka kulianua.

Jumanne, 18 Juni

Mahakama ya Wilaya. Nimevaa koti.

Mheshimiwa hakimu ni binti mwenye miwani. Ningeweza kumtuma maji. Kauliza kama mjibu rufaa alipata samansi. Nikasema alipata, Mheshimiwa mjukuu wangu. Kauliza aliipata kwa nani. Nikasema kwa kweli aliipata kwenye kufua. Kaandika, kisha kafuta.

Nyanjige akaomba kusema. Alikuwa amejifunga ile khanga ya kijani aliyoivaa siku binti yetu Joyness alipoolewa (mama wa bibi harusi huwa na khanga yake, na hiyo ndiyo yake). Kasema hana ubishi na ngitili. Aichukue. Ng'ombe nao awachukue. Yeye anaomba mahakama imwulize Mrufani jambo moja tu, kama moyo wake ni mzima kweli.

Watu kwenye mabenchi wakacheka. Yeye hakucheka.

Mheshimiwa kauliza habari za moyo zimetoka wapi. Nyanjige kaeleza yote. Veronica, uji, Bariadi, Shinyanga, mzee wa Lagangabilili aliyeshindwa. Karani aliinamisha kichwa chini ya meza. Mheshimiwa alivua miwani akaifuta, akaivaa, akaivua tena. Kasema ana mafaili mengi sana ya ndoa, lakini hajawahi kuona mjibu rufaa anayemkorogea mrufani uji. Kasema watu wa namna hiyo mahakama haina haraka ya kuwahukumu. Sheria inawaruhusu kuimaliza kwa suluhu, hata ikiwa imeshafika kwenye rufaa. Katupa siku saba. Tukae, tuongee, tukielewana tuje na hati tuliyosaini, yeye ataiingiza kwenye kumbukumbu iwe amri ya mahakama. Tusipoelewana atasikiliza na kuamua, na mmoja wetu atatoka analia. Kasema suluhu si kumzidi mwenzako ujanja. Hapo kanitazama mimi tu. Hakimu wa kwanza hakunitazama usoni, huyu kanitazama mpaka nikatamani yule wa kwanza.

Hata hivyo. Suluhu! Kwenye mpira suluhu ni bila kwa bila. Nimetoka kifua mbele. Suluhu ugenini ni pointi.

Kwenye ngazi Mayige kaniambia, shemeji, wewe timu yako ilishuka daraja siku ya mayai.

Jumamosi, 22 Juni

Nimekwenda Mkula kwa suluhu. Nimebeba jogoo wa kuazima na karatasi yenye masharti nane.

Tumekaa sebuleni kwa Mayige, juu ya magunia ya pamba, maana viti vimezibwa na pamba nyingine. Nyanjige upande ule, mimi upande huu, Mayige katikati na filimbi ya kuchezesha mpira shingoni. Kasema nikidanganya atapuliza.

Nimesoma sharti la kwanza, ngitili iwe yangu. Nyanjige kasema sawa. La pili, ng'ombe tugawane watatu watatu. Sawa. La tatu, mashine ya vifaranga isitajwe tena katika ndoa wala nje ya ndoa. Mayige kapuliza filimbi. Nyanjige kasema sawa. La nne, la tano, la sita, la saba. Sawa, sawa, sawa, sawa. Mayige alikuwa anakaribia kulia. Kasema, dada, hata timu ya watoto inazuia magoli mawili.

Nikanyamaza kwenye la nane. Nyanjige akaomba karatasi, akasoma mwenyewe kwa kidole. Lilikuwa limeandikwa chini kabisa, kwa mwandiko mdogo: arudi nyumbani, ikiwezekana.

Akaiweka karatasi magotini. Ndipo kasema, ile samansi ilikuwa karatasi ya pili.

Mayige hakuelewa. Mimi nilielewa.

Naandika, maana karani kasema kila kitu na tarehe. Jumanne moja ya mwaka 1995 nilimpeleka Esteria zahanati. Wakampa rufaa, hospitali kubwa, Mwanza. Daktari kasema apumzike, na kesho asubuhi asafirishwe. Nikaitia karatasi mfuko wa shati. Jumamosi kulikuwa na mnada, kulikuwa na mtu tumeahidiana kubadilishana, mimi dume la ng'ombe, yeye baiskeli mpya. Nikaona siku nne si nyingi, mtoto amepata nafuu, amekunywa uji. Nyumbani nikasema daktari amesema apumzike. Haukuwa uongo. Nusu ya pili sikuisema.

Ijumaa Esteria akafariki. Wiki iliyofuata Nyanjige akafua shati nililomzikia. Akaikuta.

Hakuwahi kuniuliza. Miaka ishirini na tisa. Leo ndiyo kasema. Kasema kwa ng'ombe wa mama yake alishanisamehe, na mayai alishayasahau. Hakuondoka kwa sababu ya mayai. Aliondoka kwa sababu amechoka kuogopa kufua. Kasema kila shati langu, kabla halijaingia kwenye maji, anapapasa mfuko kwanza. Kasema aliposikia nina rufaa, alitoka Mkula hajavaa hata viatu vinavyofanana. Kasema, nilikuwa nawahi karatasi, Baba Esteria.

Baba Esteria. Tangu mwaka ule ananiita Baba Joyness.

Nikachukua yale masharti yangu, nikayakunja mara mbili, na mkono ukaenda. Ulishafika mfukoni. Wote watatu tukautazama.

Nikaitoa karatasi, nikaiweka mezani.

Mayige akavua filimbi shingoni. Kaenda kumchinja jogoo. Sikumwambia kwamba ni wa kuazima.

Jumapili, 23 Juni

Nimefagia kwenye mawe mwenyewe. Nimefagia vibaya. Nimerudia.

Jumanne, 25 Juni

Imekwisha. Hati ya suluhu imechapwa na karani, kurasa mbili. Talaka ya Mahakama ya Mwanzo itenguliwe kwa ridhaa ya wote wawili. Nyanjige arudi nyumbani kwake. Ngitili na ng'ombe visigawanywe, viwe vya nyumba, na visiondoke bila wote wawili kukubali. Nilijaribu kusema mimi niliahidiwa ngitili. Mayige kaweka mkono mfukoni, ilipo filimbi. Nikaacha.

Sharti la mwisho ni la Nyanjige, pekee alilolitoa. Karatasi yoyote inayofika nyumbani isomwe mbele ya wote wawili siku hiyo hiyo, isilale mfukoni mwa Mrufani.

Mheshimiwa kasoma hapo mara mbili. Kauliza kama tungependa lugha ya kisheria zaidi, kwa mfano, nyaraka ziwekwe wazi kwa pande zote. Nyanjige akasimama. Kasema, Mheshimiwa, naomba neno mfukoni libaki, ndimo zinamolala. Mheshimiwa kasema neno mfukoni libaki.

Tukasaini. Mayige shahidi. Mheshimiwa kaandika rufaa imemalizika kwa suluhu, kagonga muhuri, kasema anatutakia maisha marefu na hatamani kutuona tena. Nikamshukuru, nikasema wabeja sana, mjukuu. Safari hii hakufuta.

Kwenye basi Nyanjige kakaa dirishani. Tulipopita mashamba kaniuliza kama nakula. Nikasema ugali, ule wa katikati tu. Kacheka! Kidogo, upande mmoja wa mdomo, lakini naandika na tarehe.

Mimi mzee wa sabini na moja nimejifunza kitu. Naandika ili siku moja nikibisha nionyeshwe. Nimejifunza.

Jumatano, 26 Juni

Asubuhi moshi jikoni. Mawe yamefagiwa, na mtu anayejua.

Kisha kachukua sindano na uzi mweusi, kakaa kizingitini, kashona mifuko yangu yote. Mashati manne. Koti, nje na ndani. Suruali. Hata kaptura ya kulalia. Nikauliza leso niweke wapi. Kasema mkononi. Nikauliza miwani. Kasema usoni. Nikauliza ugoro. Kasema acha ugoro.

Veronica kapita akaona. Kasema, babu, leo umefungwa kama gunia la pamba. Kanisalimia, ndiyo muhimu.

Sikubisha. Nimevaa shati lisilo na mfuko nikajisikia mwepesi. Kweli kabisa.

Ijumaa, 28 Juni

Nyanjige hakuniacha na ule moyo. Kasema uongo ulishatajwa mahakamani, sasa tuujue ukweli. Kanituma zahanati nipimwe, yeye akaenda kuchuma pamba.

Nesi kanifunga mkono na kile kitambaa kinachojaa upepo. Kapima. Kanitazama. Kapima mkono mwingine. Kaniuliza kama huwa nachoka nikipanda kilima. Nikasema kila mtu huchoka akipanda kilima. Kasikiliza kifua muda mrefu, hakutaka utani. Kasema nipunguze chumvi. Kasema moyo wangu unapiga vibaya, na yeye hapo hana vifaa. Kakaa akaandika karatasi, kagonga muhuri.

Rufaa. Hospitali ya Bariadi. Kasema, babu, kesho asubuhi, usingoje.

Kesho ni Jumamosi. Kesho ni mnada.

Sasa mambo yenyewe ni haya. Kuna bwana mmoja wa Itilima ana mashine ya kukamulia alizeti, inafanya kazi, nimeiona kwa macho yangu. Yuko tayari tubadilishane na ile ya vifaranga nikiongeza mbuzi mmoja. Mbuzi, si ng'ombe. Hati inasema ng'ombe na ngitili, mbuzi haikumtaja. Nyanjige nitamwambia ikishafika nyumbani. Nataka aamke asubuhi akute mafuta.

Bwana huyo haji mnadani Jumamosi nyingine. Bariadi haihami. Moyo huu umenibeba miaka sabini na moja, hautaniangusha kwa siku tatu. Nitakwenda Jumatatu. Jumanne, kama mashine itahitaji kufungwa.

Shida ilikuwa karatasi. Nimesimama nje ya zahanati nikapapasa shati. Limeshonwa. Suruali, imeshonwa. Yule mwanamke ana mshono wa kweli. Nikaisoma hati ya suluhu kichwani, maana nimeihifadhi moyoni: isilale mfukoni mwa Mrufani.

Mfukoni. Haikusema kofiani.

Nimeikunja mara nne, imekaa vizuri, hata kofia imenibana pazuri.

Nyanjige karudi shambani, pamba kwenye nywele. Kauliza, Baba Esteria, nesi kasemaje? Nikasema kasema nipunguze chumvi. Kauliza, hilo tu? Nikasema huyo nesi ana maneno machache. Kauliza mbona sivui kofia ndani ya nyumba. Nikasema kichwa kinapata baridi, umri.

Kashukuru Mungu kwa sauti. Kaingia jikoni, kaimba kidogo, sijamsikia akiimba tangu kabla ya mayai. Kaniletea uji.

Nimeuonja. Ametia sukari.